Ushuhuda na Ushahidi: Annalena Tonelli wa Wajir na Maisha ya Kiroho ya Ulaya ya Kisasa

Utangulizi

Kiswahili kinatofautisha maneno mawili yenye asili moja. Ushuhuda hutolewa na muumini anapoeleza yale ambayo Mungu amemtendea. Ushahidi hutolewa mahakamani kuthibitisha yale ambayo mwanadamu amemtendea mwenzake. Atoaye lolote kati ya hayo huitwa shahidi, na jina hilohilo hupewa afaye kwa ajili ya imani yake. Makala hii inakusudia kuonyesha kwamba maandishi ya Annalena Tonelli, mlei Mkatoliki kutoka Italia aliyeishi Wajir tangu 1970 hadi 1985, hayafahamiki barabara iwapo mhakiki hatazipambanua maana hizo tatu. Maandishi yenyewe ni ya aina mbili: hotuba ya ushuhuda aliyoitoa Vatikano mwishoni mwa 2001, na barua zake kutoka Kenya, zilizochapishwa nchini Italia baada ya kifo chake. Aghalabu yamesomwa kama maandishi ya ibada. Hapa yanachukuliwa kuwa fasihi ya tawasifu, yenye fani na historia yake.

Chimbuko la fani

Fani ya hotuba hiyo haikuzuka Wajir. Ina ukoo wake katika fikra za Kanisa la Ulaya tangu mwisho wa karne ya 19. Wakati dola za Ulaya zilipokuwa zikilipokonya Kanisa mamlaka juu ya shule na sheria (Ufaransa ilitenganisha dini na dola mwaka 1905), walitokea waandishi wa kiroho ambao, badala ya kulilia utukufu uliopotea, waliutukuza udogo. Thérèse wa Lisieux, aliyefariki 1897 akiwa na umri wa miaka 24, aliandika tawasifu ya mtawa asiyetenda lolote kubwa machoni pa watu. Charles de Foucauld, aliyepata kuwa ofisa wa jeshi la Ufaransa, aliishi miongoni mwa Watuareg kule Tamanrasset hadi alipouawa 1916. Wazo lake kuu lilikuwa Nazareti, yaani ile miaka ya Yesu kabla ya kuhubiri, alipokuwa fundi tu kijijini. Kwa mujibu wa wazo hilo, mmisionari hatangulizi mahubiri. Anakaa na watu, na kukaa kwake ndiko kunakosema.

René Voillaume aliligeuza wazo hilo kuwa shirika la kitawa mwaka 1933. Louis Massignon, rafiki wa Foucauld na mtaalamu wa tasaufi ya Kiislamu, alisaidia kuwaandaa Wakatoliki kuutazama Uislamu kwa heshima, na mwaka 1965 Mtaguso wa Pili wa Vatikano ukaitamka heshima hiyo katika tamko la Nostra Aetate. Tonelli, aliyezaliwa Forlì mwaka 1943, alikuwa na umri wa miaka 22 Mtaguso ulipofungwa. Alimsoma Foucauld, alimsoma pia Gandhi.

Urithi huu unaonekana katika mtindo. Msimulizi wa hotuba anajitambulisha kwa ukanushi: si daktari ingawa anatibu, si mtawa wa shirika lolote, hana mshahara wala akiba ya uzeeni. Hapa pana kinaya ambacho wasomaji wa ibada hawakigusi. Nafsi inajifuta, lakini nafsi ya kwanza ndiyo inayotawala usimulizi wote. Mwanafunzi wa fasihi ya Kiswahili anaweza kulinganisha na zuhudi ya Al-Inkishafi. Huko nako mtunzi anausuta moyo wake, lakini hoja yake anaijenga juu ya magofu ya Pate, ambayo kila msomaji wa zama zake angeweza kwenda kuyatazama. Zuhudi yake ina ushahidi. Suala ni iwapo ushuhuda wa Tonelli unao.

Jangwa lenye watu

Katika mapokeo ya Ulaya, jangwa ni sitiari ya utupu, mahali ambapo mtu huachwa peke yake na Mungu. Sitiari hiyo ina hatari zake. Foucauld mwenyewe alijifunza lugha ya Watuareg, akatunga kamusi na kukusanya mashairi yao. Hata hivyo hakukata uhusiano na maofisa wa jeshi lililoitawala nchi hiyo. Jangwa lililoonekana tupu katika sala lilikuwa tayari na mtawala.

Wajir pia haikuwa tupu. Ilikuwa nchi ya visima na ya wafugaji wa kuhamahama, na ilitawaliwa kwa sheria za hali ya hatari ambazo katika eneo hilo hazikuondolewa mpaka 1991. Hapo ndipo kazi ya Tonelli ilipoikosoa sitiari aliyoirithi. Tiba ya kifua kikuu ilihitaji miezi mingi, na mfugaji hawezi kulala hospitalini huku mifugo ikifuata mvua. Katika mradi wa majaribio ulioanza 1976, wagonjwa waliruhusiwa kujenga vibanda vyao wenyewe karibu na kituo, wakameza dawa mbele ya msimamizi hadi tiba iishe. Utaratibu huu haukutokana na Nazareti. Ulitokana na namna Wasomali wa Wajir wanavyoishi, nao wakawa washiriki katika kuubuni hata kama hotuba inamweka mtoaji wa tiba katikati ya kisa. Barua zina nafuu katika jambo hili: mwandishi wa barua hajui mwisho wa hadithi, kwa hiyo hawezi kupanga kila tukio lielekee kwenye fundisho.

Wagalla

Mwezi Februari 1984 vikosi vya usalama vya Kenya viliwakusanya wanaume wa Degodia katika uwanja wa ndege wa Wagalla. Serikali ilitaja vifo 57. Tume ya Ukweli, Haki na Maridhiano, katika ripoti yake ya 2013, ilikadiria kwamba waliouawa walikaribia elfu moja. Tonelli aliwahudumia majeruhi, akashiriki kuifikisha habari nje ya nchi. Mwaka uliofuata ilimbidi aondoke Kenya.

Hapa ndipo fani na maudhui yanapogongana. Maisha ya Nazareti yanadai ukimya. Wagalla ilidai sauti. Aliyekuwa amechagua kutokuwa na jina alilazimika kuwa shahidi kwa maana ya mahakama. Tendo hilo ndilo kilele cha miaka yake ya Wajir, lakini katika hotuba linachukua nafasi fupi, kama kituo kimoja katika safari ya mapenzi. Fani ya ushuhuda haina mahali pa kuiweka orodha ya maiti. Orodha hiyo msomaji hana budi kuitafuta kwingine: katika kitabu cha S. Abdi Sheikh, Blood on the Runway (2007), na katika kumbukumbu za Tume. Mwenye kusoma hotuba peke yake atamfahamu Tonelli na kubaki bila kuifahamu Wajir.

Hitimisho

Tonelli alipigwa risasi Borama tarehe 5 Oktoba 2003, na maana ya tatu ya shahidi ikaanza kuzimeza zile mbili. Kwa wasomaji wa Garissa suala hili halikomei darasani. Makanisa ya mji huo yalishambuliwa Julai 2012, na tarehe 2 Aprili 2015 watu 148 waliuawa katika Chuo Kikuu Kishiriki cha Garissa. Ni rahisi kuwaita wote mashahidi na kufunga faili. Lakini wanafunzi wale hawakuchagua jangwa wala Nazareti, walichagua shahada. Wanaume wa Wagalla nao, Waislamu waliouawa na dola yao, hawapati nafasi katika orodha ya watakatifu ya yeyote. Uhakiki unaowatendea haki wote hawa ni ule unaokataa kuuacha ushuhuda ukae mahali pa ushahidi. Thamani ya maandishi ya Tonelli, pamoja na upungufu wake, ni kwamba mwandishi wake aliijua tofauti hiyo kwa vitendo kabla fani yake haijamruhusu kuieleza.