Mehboob Khan na Daftari la Mla Riba

Wanafunzi wetu wa fasihi linganishi huuliza mara kwa mara iwapo msanii anayerudia kazi yake mwenyewe ameishiwa. Katika ukurasa huu tunapendekeza wamtazame Mehboob Khan, mtayarishaji na mwongozaji wa filamu wa Bombay aliyefariki mwaka 1964.

Mehboob hakuwa na elimu kubwa ya shule. Aliingia katika filamu enzi za picha zisizo na sauti, akiigiza nafasi ndogo ndogo. Mwaka 1940 aliongoza Aurat, yaani "Mwanamke", na mwaka 1943 akaanzisha kampuni yake, iliyotumia nembo ya nyundo na mundu. Kampuni hiyo ilitoa Andaz (1949) na Aan (1952) iliyokuwa ya rangi. Kisha mwaka 1957 akaisimulia upya hadithi ya Aurat, akaiita Mother India. Jina hilo Mmarekani Katherine Mayo alikuwa amelitumia mwaka 1927 kwa kitabu kilichowadhalilisha Wahindi. Mehboob alilichukua makusudi ili kulijibu.

Kisa kinaanza na deni. Mama mkwe wa Radha, asiyejua kusoma, amekopa rupia 500 kwa Sukhilala ili afanye harusi. Shauri linapofika kwa wazee wa kijiji, wanaamua kwamba robo tatu ya mavuno iwe riba. Nguvu ya Sukhilala, basi, imo katika daftari ambalo wakulima hawawezi kulisoma. Sisi tunaofundisha lugha hatuwezi kulipita jambo hilo kama pambo la hadithi. Birju, mwana wa Radha, anakua na chuki hiyo mpaka anakuwa jambazi na kumuua Sukhilala. Anapomteka binti wa marehemu, mama yake mwenyewe anampiga risasi.

Wahakiki wengi huzungumzia zaidi Nargis, na kweli aliigiza vizuri mno. Lakini mla riba je? Kanhaiyalal aliigiza nafasi hiyo katika filamu zote mbili. Miaka 17 imepita, Waingereza wameondoka, mama aliyeigizwa na Sardar Akhtar sasa ni Nargis, ila mdai ni yule yule!

Kasoro tunayoiona imo katika mwanzo na mwisho wa filamu, ambapo Radha mzee anaombwa azindue mfereji wa maji. Tunatakiwa tuamini kwamba maendeleo ya serikali yamemaliza shida za kijiji. Hatukubali. Mfereji unamwagilia shamba, lakini haumwonyeshi mkulima kilichoandikwa juu ya jina lake. Pengine Mehboob naye alikuwa na shaka, kwani maji yale yanageuka mekundu.

Mother India iliteuliwa kugombea tuzo ya Oscar mwaka 1958. Son of India (1962), filamu yake ya mwisho, haikupata mapokezi kama hayo, nasi hatuna sababu ya kuitetea. Atakayezipata zile mbili za awali aanze na ya 1940, na amwangalie Kanhaiyalal kwa makini.