Sauti Isiyo na Pambo

Msomaji, wako watu wadhanio kuwa uzuri wa wimbo ni wingi wa mapambo yake. Huongeza ngoma juu ya ngoma, na fidla juu ya fidla, mpaka sauti ya mwimbaji ikazama kama kokoto kisimani. Mimi siwalaumu, kwa maana pambo ni jambo jema mahali pake. Lakini nataka uipime dhana yao kwa kazi moja: santuri iitwayo Tapestry, iliyotolewa na Carole King wa Marekani katika Februari, 1971. Maana ya jina hilo ni kitambaa cha kutundika ukutani, kilichofumwa picha kwa nyuzi za rangi nyingi.

Kwanza yafaa umjue mfumaji. Carole King alizaliwa New York mwaka 1942, akajifunza piano tangu utotoni. Alipokuwa na umri wa miaka 18 tu, yeye na mumewe, Gerry Goffin, walikuwa wakitunga nyimbo: mume maneno, mke mahadhi. Nyimbo hizo ziliimbwa na wengine, na sifa zikawaendea wengine. Wimbo wao Will You Love Me Tomorrow, ulioimbwa na wasichana wanne walioitwa Shirelles, ulishika nafasi ya kwanza Marekani mwaka 1961. Baadaye ndoa yao ilivunjika, naye King akahamia Los Angeles pamoja na binti zake wawili. Mwaka 1970 alitoa santuri yake mwenyewe, Writer, nayo haikupata wanunuzi wengi.

Mwingine angalikata tamaa. Yeye alirudi kwenye piano. Rafiki yake James Taylor, mwimbaji na mpiga gitaa, alimhimiza asimame mbele ya watu aimbe kwa kinywa chake mwenyewe. Katika Januari, 1971, akaingia studio ya A&M huko Los Angeles, chini ya usimamizi wa Lou Adler. Msimamizi huyo hakutaka jeshi la wapigaji. Alitaka msikilizaji ajione kama aliyeketi chumbani, karibu na mwanamke apigaye piano.

Sasa sikiliza jambo lililonifanya niandike insha hii. Kati ya nyimbo 12 za Tapestry umo wimbo ule ule wa Shirelles. Katika santuri yao mwendo ni mwepesi, na fidla zinapanda na kushuka kwa madaha. Fidla hizo zilipangwa na King mwenyewe. Miaka 10 baadaye aliuimba tena, akaziondoa fidla zote. Mwendo ukawa wa polepole. Piano ikatangulia, na vyombo vichache vikafuata kwa adabu. Maneno hayakubadilika: mwanamke anamwuliza mpenzi wake kama upendo wa usiku huu utakuwapo kesho. Lakini swali limebadilika. Kwa wasichana wale lilikuwa swali la mtu asiyeijua kesho. Kwa King ni swali la mtu ambaye kesho imekwisha mfikia, akaiona ilivyo. Pambo lingebaki, tofauti hiyo tusingeisikia.

Utaniambia kuwa sauti yake si kubwa, nami nakubali. Ina mikwaruzo, na katika noti za juu hukaribia kukatika. Wimbo wake mwingine, A Natural Woman, ulikwisha imbwa na Aretha Franklin mwaka 1967 kwa nguvu ambayo King hawezi kuifikia. Naye hakujaribu kushindana. Aliuimba kwa piano na besi tu, kama mtu anayeungama jambo kwa sauti ya chini. Aretha anautangazia ulimwengu. King anamwambia mtu mmoja. Vivyo hivyo It's Too Late, ambao maneno yake yalitungwa na Toni Stern, hueleza mwisho wa mapenzi bila matusi wala kilio. Utulivu wake huumiza kuliko kelele.

Nisiisifu kazi hii kupita kiasi. Wimbo wa Smackwater Jack, unaosimulia habari za mtu mwenye bunduki, hauelewani na wenzake. Ni mchangamfu, lakini umekaa humo kama mgeni wa harusi aliyeingia matangani.

Watu waliipokea vipi? Iliongoza orodha ya santuri Marekani kwa wiki 15. Mwaka 1972 ilimletea King tuzo nne za Grammy, nazo nakala zaidi ya milioni 25 zimeuzwa duniani. Hata hivyo, usikubali hesabu hizo zihukumu badala yako. Methali husema kuwa chema chajiuza, kibaya chajitembeza. Mbona Writer haikujiuza, nayo ilitoka katika mikono ile ile, mwaka mmoja tu nyuma? Nionavyo mimi, haikukosa nyimbo nzuri. Vyombo vyake vilibishana na mwimbaji, asisikike vema. Soko hutueleza ni wangapi walionunua. Thamani ya kitu twapaswa kuitafuta kwa masikio yetu.

Basi, msomaji, chukua wimbo unaoupenda kuliko zote. Uimbe peke yako, pasipo ngoma wala gitaa, kwa sauti uliyojaliwa. Ukiona kwamba bado una neno la kukuambia, umepata wimbo. Ukiona kwamba hapana kilichobaki, jua kwamba ulikuwa ukipenda pambo.