Lafudhi na Kicheko katika Sitkomu: Kutoka Chicago ya 1928 hadi Vioja Mahakamani

Ikisiri

Makala haya yanachunguza namna sitkomu, tangu ilipochipuka redioni nchini Marekani, ilivyoitumia lafudhi kuwa chanzo cha kicheko. Yanahakiki mifano kutoka Marekani, Uingereza, India, Nigeria na Kenya. Hoja kuu ni kwamba lafudhi yenyewe haina hatia; kinachopaswa kupimwa ni nafasi anayopewa mwenye lafudhi hiyo ndani ya hadithi. Makala yanahitimisha kwa kupendekeza vigezo vitatu vya kutathmini vichekesho vya Kiswahili katika Afrika Mashariki.

1. Utangulizi

Mwaka 1963, mwaka uleule Kenya ilipojipatia uhuru, shirika la utangazaji la CBS la Marekani lilitangaza kwamba kipindi chake cha vichekesho, Amos 'n' Andy, kilikuwa kimeuzwa Kenya na Nigeria Magharibi. Muda si mrefu afisa wa serikali ya Kenya akatangaza kwamba kipindi hicho kingepigwa marufuku nchini mwake. Hata hivyo, kabla ya miaka ishirini kupita, Wakenya walikuwa wakiketi mbele ya runinga kumcheka mshtakiwa wa Vioja Mahakamani, anayekisema Kiswahili kwa lafudhi nzito ya lugha ya kwao. Je, kilichokataliwa mwaka 1963 ndicho kilichopokewa baadaye kikiwa kimevaa nguo nyingine?

Nauliza swali hili nikiwa mwalimu wa Kiswahili nchini Uganda. Huku kwetu Kiswahili kilihusishwa kwa muda mrefu na jeshi na polisi, na wapo wengi ambao hadi leo wakikisikia hukumbuka amri na vitisho. Baraza la Mawaziri liliidhinisha mwaka 2022 kiwe lugha rasmi na kifundishwe shuleni. Lakini mwanafunzi anayeingia darasani huja akiwa amekwisha kusikia, kupitia vichekesho, kwamba Kiswahili cha mtu wa kwao ni cha kuchekwa. Wengi huchagua kunyamaza. Mshauri wa sera anayetaka lugha hii isemwe na watu hana budi kujua kicheko hicho kinatengenezwaje.

Kwa neno sitkomu, makala yanakusudia mfululizo wa vichekesho wenye wahusika walewale katika mahali palepale, pawe nyumba, ofisi, darasa au mahakama. Kila sehemu huleta mvurugano mpya na kuumaliza, na juma linalofuata kila mtu huanza pale alipokuwa. Sifa hii ya mwisho ina uzito kwa mtafiti wa lugha. Kwa kuwa hakuna anayebadilika, anayesema vibaya leo atasema vibaya milele. Sitkomu hupanga wasemaji juu ya ngazi, kisha huizuia ngazi hiyo isisogee.

2. Lafudhi ya kuazima na lafudhi yenye mamlaka

Amos 'n' Andy ilianza kusikika katika redio ya WMAQ ya Chicago mwezi Machi 1928. Wahusika wake wakuu walikuwa Wamarekani Weusi waliohamia mjini kutoka Kusini. Waliowatolea sauti, Freeman Gosden na Charles Correll, walikuwa Wazungu. Redio haina sura. Rangi ya mhusika ilipaswa kusikika, na ilisikika kwa kukivunja Kiingereza. Mwaka 1951 CBS ilikipeleka kipindi hicho kwenye runinga kwa kuwatumia waigizaji Weusi, na chama cha kutetea haki cha NAACP kikapinga. Kipindi kilikoma mwaka 1953, marudio yakaendelea, na mwaka 1966 CBS ikayaondoa sokoni.

Kuwapa Weusi nafasi za uigizaji hakukuliponya tatizo, kwa sababu waigizaji hao walirithi usemaji uliobuniwa na Wazungu wawili. Aliyebadilishwa alikuwa mtu. Ngazi ilibaki ileile. Kwa hiyo uamuzi wa Kenya wa 1963 unaweza kusomwa kuwa uamuzi wa lugha pia: taifa changa lilikataa kujitazama kupitia sauti ambayo mwingine alikuwa ameitunga kwa niaba ya mtu mweusi.

Katika mwaka huohuo wa 1951, CBS hiyohiyo ilianza kurusha I Love Lucy. Mume wa Lucy, Ricky Ricardo, aliigizwa na Desi Arnaz, mzaliwa wa Kuba, ambaye lafudhi yake ilikuwa yake mwenyewe. Anapokasirika, Ricky humwaga Kihispania ambacho hakitafsiriwi. Mtazamaji asiyekijua ndiye anayebaki nje ya mlango. Lucy humwigiza mumewe na watu hucheka, lakini ni utani wa mke na mume, na mara nyingi mpango wa Lucy ndio unaoporomoka mwishoni. Tena Ricky ni kiongozi wa bendi katika hadithi, na Arnaz alikuwa mmiliki mwenza wa Desilu, kampuni iliyotengeneza kipindi hicho. Lafudhi inachekwa, naye mwenye lafudhi hapungukiwi na hadhi. Mifano hii miwili ya shirika moja na mwaka mmoja yatosha kuonyesha kwamba swali la kuwa lafudhi imetumika au haikutumika ni swali dogo mno.

3. Darasa ambalo hakuna anayefuzu

Mwishoni mwa 1977 runinga ya ITV ya Uingereza ilianza kurusha Mind Your Language, sitkomu ya darasa la Kiingereza kwa wageni wazima. Kila mwanafunzi amebeba taifa zima mabegani: Mwitaliano, Mjapani, Mfaransa, Kalasinga na wenzao. Kanuni ya sitkomu tuliyoitaja inaonekana hapa waziwazi, kwani darasa hili haliwezi kufaulu. Siku wanafunzi watakapokijua Kiingereza, kipindi kitakuwa kimekufa. Mjapani wa darasa hilo huongeza irabu mwishoni mwa maneno, na watazamaji wanaangua kicheko. Sisi wasemaji wa Kiswahili twapaswa kukisikiliza kicheko hicho kwa makini. Kuongeza irabu ndiko tunakofanya kila tunapokopa: benki, basi. Kwetu ni kanuni ya kifonolojia. Katika darasa lile ni ujinga.

India iliichukua sura hiyo na kuijenga upya mwaka 1993 kwa jina la Zabaan Sambhalke, ambapo Pankaj Kapur aliigiza mwalimu wa Kihindi anayefundisha Wahindi wa majimbo mengine pamoja na wageni. Mabadiliko haya yanastahili kuangaliwa na kila nchi yenye lugha ya taifa. Katika toleo la Uingereza, kiti cha mwalimu ni cha lugha ya dola iliyotawala ng'ambo. Katika toleo la India, kiti hicho kimekaliwa na lugha iliyopewa kazi ya kuunganisha taifa, na wanaoketi kwenye madawati ni raia wenzake. Ukoloni umeondoka darasani. Mpangilio wa viti umebaki.

4. Saro-Wiwa na njia ya usafi

Yupo aliyejaribu kuivunja ngazi hiyo. Ken Saro-Wiwa, mwandishi na mtayarishaji wa Basi & Company iliyorushwa na runinga ya taifa ya Nigeria kati ya 1985 na 1990, aliwapa wahusika wake Kiingereza sanifu. Alikuwa akiyapa kisogo mazoea ya vichekesho vilivyotangulia, kama vile The Masquerade, vilivyotegemea Kiingereza kilichovunjika. Kicheko cha Basi kinatoka katika hali: kapuku wa mtaa wa Adetola jijini Lagos, anayedaiwa kodi na mwenye nyumba wake, Madam, na bado anaota mamilioni ya kupata bila jasho. Mzaha huo unawahusu Wanigeria wa wakati wa pesa za mafuta, wala haumhusu mtu wa kabila fulani.

Ingekuwa kosa kudhani kwamba Saro-Wiwa aliidharau lugha ya mtaani. Mwaka huohuo wa 1985 alichapisha Sozaboy, riwaya inayosimuliwa tangu mwanzo hadi mwisho kwa Kiingereza kilichovunjwa makusudi. Msimulizi wake ni kijana askari, na lugha yake ndiyo inayoihukumu vita. Mwandishi mmoja, mwaka mmoja, alifanya maamuzi mawili: aliiondoa lugha iliyovunjika pale ilipozoeleka kuwa kichekesho, akaiweka pale ilipoweza kuwa shahidi.

Hata hivyo njia ya usafi ina gharama yake. Mtaa wa Lagos hauzungumzi kama Basi. Anayeondoa lafudhi zote huondoa pia ushahidi kwamba watu wa namna mbalimbali wanaishi pamoja na kuelewana. Watunga sera wanaodhani kwamba dawa ni kuamuru Kiswahili sanifu pekee katika vichekesho wanapaswa kulikumbuka hilo.

5. Kenya: mahakama na lango la ofisi

Vioja Mahakamani, kilichoanza wakati wa Sauti ya Kenya mwishoni mwa miaka ya 1970, kimejengwa juu ya ngazi iliyo wazi kuliko zote. Juu yuko hakimu na Kiswahili chake cha utaratibu. Chini kizimbani wako akina Ondiek Nyuka Kwota, Makokha na Masaku, kila mmoja na matamshi yanayomtangaza alikotoka. Zingatia kwamba katika mahakama halisi za Kenya sheria imeandikwa kwa Kiingereza. Kipindi hiki kimekipa Kiswahili sanifu kiti ambacho Kiingereza hukikalia, na hadhi pamoja na ukali wa kiti hicho vimehamia kwa Kiswahili.

Lakini mshtakiwa wa Vioja hatofautiani na mwanafunzi wa Mind Your Language kwa uwanja tu. Yeye hujitetea. Huligeuza swali, huidai mahakama imfafanulie maneno yake, na mara kwa mara mantiki yake huiacha sheria ikitafuta pa kushika. Katika nyakati hizo anakaribia kuwa Abunuwasi, na lafudhi yake inakuwa silaha. Nyakati nyingine mzaha unaishia kwenye sauti: r imekuwa l, sh imekuwa s, na hakuna zaidi. Kipindi kimoja kina aina zote mbili, na mhakiki akikisifu au kukilaani kwa jumla atakuwa hajakisikiliza.

Vitimbi nacho kina utata wake. Mzee Ojwang', aliyependwa kwa miongo kadhaa kwa Kiswahili chake chenye mapigo ya Kijaluo, aliigizwa na marehemu Benson Wanjau, ambaye hakuwa Mjaluo. Je, huyu ni Gosden wa Nairobi? Jibu langu ni hapana, kwa sababu mbili. Kwanza, waigizaji Wajaluo hawakuzuiwa mlangoni ili lafudhi yao ichukuliwe na wengine. Pili, Ojwang' ni kichwa cha nyumba na mhimili wa hadithi, na wanaomzunguka nao wana lafudhi zao na upumbavu wao. Hata hivyo tahadhari inabaki: lafudhi ya kuazima huchagua sauti chache zinazotambulika haraka, na sauti hizo chache huja kupokewa kuwa ndiyo jamii nzima.

Mfano wa Papa Shirandula wa Citizen TV unatuonyesha njia nyingine. Shirandula, aliyeigizwa na marehemu Charles Bukeko, ni bawabu anayemficha mkewe kazi yake. Hutoka nyumbani na suti, akifika kazini huvaa sare. Lafudhi yake ya Kiluhya haifichwi. Lakini tukimpa Kiswahili cha Unguja leo, aibu yake itabaki ileile na kicheko kitabaki kilekile, kwa kuwa chanzo chake ni suti ile.

6. Vigezo vinavyopendekezwa

Huenda ikasemwa kwamba nia njema ya mwandishi yatosha. Historia inakataa. All in the Family, iliyoanza Marekani mwaka 1971 kwa kuiga sitkomu ya Uingereza Till Death Us Do Part, ilikusudia kumkejeli mbaguzi Archie Bunker. Utafiti wa Vidmar na Rokeach wa 1974 ulionyesha kwamba watazamaji wenye ubaguzi walielekea kumwona Archie kuwa ndiye mwenye haki. Basi tupime maandishi yenyewe kwa maswali matatu.

Kwanza, lafudhi ikiondolewa, je, mzaha unabaki? Pili, mwenye lafudhi ana ujuzi, mamlaka au hoja ambayo wengine hawana? Tatu, msemaji wa Kiswahili sanifu naye huchekwa? Kati ya matatu haya, la tatu ndilo linalosahauliwa zaidi. Kipindi ambacho sanifu haichekwi kamwe kimegeuka kuwa darasa lisilo na mwisho.

Maswali haya yanaweza kutumiwa na wanaofadhili au kutathmini maudhui ya ndani bila kuanzisha udhibiti mpya. Yanahitaji pia kwamba wasemaji wa lahaja husika wawepo wakati mswada unapoandikwa. Tangu Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo ijiunge na Jumuiya ya Afrika Mashariki mwaka 2022, mamilioni ya wasemaji wa Kiswahili wenye sarufi yao wamekuwa raia wenzetu wa jumuiya. Anayesema batoto mahali pa watoto hakosei. Anaifuata kanuni ya Kiswahili chake. Iwapo runinga zetu zitamkaribisha kwa kumpeleka moja kwa moja kizimbani, atafanya kama wafanyavyo wanafunzi wangu.

7. Hitimisho

Kilichokataliwa Kenya mwaka 1963 kilikuwa sauti iliyotungwa na mwenye nguvu ili asiye na nguvu achekwe. Baadhi ya kilichofuata katika runinga za Afrika Mashariki ni kitu kingine kabisa, na baadhi ni kilekile. Kazi ya uhakiki ni kuvitenganisha viwili hivyo, kipindi kwa kipindi, na hata mzaha kwa mzaha. Lugha inayotaka kuwa ya eneo zima haina budi kumpa kila msemaji wake nafasi ya kuchekesha, pamoja na nafasi ya kuchekwa.