Filamu ikihifadhi sauti, maneno nayo yahifadhiwe

KUNA swali ambalo watengenezaji wetu wa filamu za hali halisi hawajalijibu ipasavyo: wanapotuhifadhia muziki wa jadi, maneno ya muziki huo wanamwachia nani?

Nimeirejelea kazi ya Ketebul Music, asasi ya Nairobi iliyoasisiwa na Tabu Osusa. Mnamo 2010 ilitoa Retracing Kikuyu Popular Music, mkusanyiko wa nyimbo ulioandamana na filamu na kijitabu, baada ya ule wa benga wa 2008. Kazi hii inastahili pongezi. Kifo cha Joseph Kamaru mnamo Oktoba 2018 kilitukumbusha kwamba wazee hawa hawatungoji.

Hata hivyo, kijitabu chenyewe ni cha Kiingereza, na hapo ndipo penye walakini. Hebu tuchukue mwomboko, ngoma iliyozaliwa Wagĩkũyũ walipokutana na dansi za Wazungu enzi ya ukoloni. Ala yake kuu Kiingereza huiita accordion, basi. Mgĩkũyũ huiita kĩnanda. Neno hilo si geni kwetu: huko pwani, kinanda kilikuwa ala ya nyuzi, jamaa ya gambusi, kabla ya jina hilo kuvishwa piano na ala nyingine za kigeni. Jina moja linatuonyesha Kiswahili kikipanda bara pamoja na muziki. Ukiandika accordion peke yake, ushahidi huo umeufuta.

Mfano mwingine ni Chemirocha, wimbo wa Wakipsigis uliorekodiwa na Hugh Tracey mwaka wa 1950. Jina hilo ni Jimmie Rodgers, mwimbaji Mmarekani aliyesikika kupitia santuri, lilivyotamkwa na Wakipsigis. Bahati njema, Tracey alilinakili lilivyotamkwa. Angelisahihisha, leo tungejua nini?

Najua nitaambiwa ati Kiingereza ndicho kinachowafikia wafadhili na watazamaji wa ng'ambo. Sawa, hilo silikatai. Lakini hapa Kamenu, Thika, ninakoishi, wapo vijana waliolelewa kwa Kiswahili na Sheng, majirani wa jamii mbalimbali katika mji wa viwanda. Nyimbo za nyanya zao hawazielewi, na maelezo ya Kiingereza yanazifanya zionekane kama mali ya watalii. Huyu naye ni mtazamaji, tena ndiye mrithi.

Dawa si ghali. Kila filamu ya aina hii iwe na tafsiri ya Kiswahili chini ya picha, na kijitabu kiwe na faharasa: jina la ala, la mtindo na la hatua za ngoma, kama mpigaji mwenyewe anavyoyatamka. Idara zetu za Kiswahili vyuoni zina wanafunzi wanaotafuta mada za tasnifu kila mwaka. Wapelekwe kwa wapigaji kinanda wangali hai, wakiwa na kalamu kando ya kamera.