Sifa za Anayeonyesha Pasipo Kitu

Mwongoza wageni wa mbugani ana bahati yake. Simba akijificha, twiga atatokea, na twiga asipotokea kuna ndege wa kutajwa jina. Hata sisi wa Garissa tunao twiga, pale Bour-Algi, kilomita chache kusini mwa mji, na kijana yeyote mwenye macho makali na ulimi mwepesi anaweza kumfurahisha mgeni asubuhi nzima. Sina ugomvi naye. Ila fundi ninayetaka kumsifu hapa hana mnyama wa kumwokoa. Yeye huwatembeza watu kwa miguu mjini, akasimama mbele ya ukuta mtupu na kusema, "Tazameni hapa." Mnatazama, hamwoni kitu. Kisha anaanza kueleza, na mkija kushtuka jua limepanda na hakuna aliyeomba kuondoka.

Kazi hii imekomaa katika miji ya Ulaya ambako Wayahudi waliishi kwa karne nyingi, wakafagiliwa mbali katika miaka michache. Chukua Kraków, Poland. Kabla ya Vita vya Pili vya Dunia Wayahudi wa mji huo walizidi elfu 60, kama robo ya wakazi wote, na moyo wa maisha yao ulikuwa mtaa wa Kazimierz. Machi 1941 Wajerumani waliwafungia ng'ambo ya mto, Podgórze, ndani ya ukuta. Machi 1943 eneo hilo la Podgórze likafutwa: wenye nguvu wakapelekwa kambini, wengine wakauawa barabarani mbele ya nyumba zao. Mgeni anayefika Kazimierz leo anakuta mikahawa na muziki, na anaweza kupita mlango baada ya mlango asijue lolote. Mtembezaji mahiri humsimamisha kwenye mwimo wa mlango wa kale, upande wa kulia, akamwonyesha kovu lililolala mshazari, refu kama kidole. Hapo ilikuwa mezuza, kijaluba chenye kipande cha ngozi kilichoandikwa maneno ya Torati, ambacho wenye nyumba hukigusa waingiapo na watokapo. Kijaluba kiling'olewa, tundu likabaki.

Ufundi wenyewe umejificha hapo. Kwanza ni kuujua mwimo upi, kati ya mia. Pili ni kumwacha mgeni apapase tundu lile kwa kidole chake kabla hujamwambia ni la nini. Tatu, na hapa ndipo wengi hushindwa, ni kuanza na fundi cherehani aliyeingia na kutoka mlangoni humo, siyo na hesabu ya waliokufa. Hesabu itakuja. Mtu halii idadi mpaka ajue kwanza anamlilia nani.

Nimeanzia mbali makusudi. Sitaki kupima msiba kwa msiba mwingine. Wayahudi wa Kraków wana yao na Wasomali wa Kaskazini Mashariki wana yao. Ninachofananisha ni kazi ya mtembezaji, kwa sababu Garissa nayo ni mji ambao mambo yake makubwa hayakuachiwa alama. Ukishuka stendi leo utaona maduka, misikiti, punda na mikokoteni ya maji, na wanawake wenye vibuyu vya maziwa ya ngamia. Utasema ni mji wa biashara na joto, basi. Na hutakuwa umekosea, ila hujaambiwa.

Ningeuanza mzunguko wa Garissa kwenye daraja la Tana, na wazee wanaowapokea wageni wao hapa huanzia papo hapo bila kufundishwa na mtu. Kila anayesafiri kwa basi kati ya hapa na Nairobi analijua daraja hilo kwa nyayo zake: abiria hushushwa, hupanga foleni, huonyesha vitambulisho, kisha hupanda tena. Mtembezaji mwenye akili hahitaji kusoma sheria. Anamweka mgeni kwenye foleni na kumwachia kitambulisho mkononi kinachoanza kulowa jasho. Halafu ndipo anamweleza kwamba tangu 1926 wakoloni waliifunga wilaya hii ya mpakani, ikawa haingiliki wala haitokeki bila kibali. Kwamba Kenya ilipopata uhuru 1963 vita vya Shifta, vya kutaka kujitenga, vilikuwa vinaanza, na hali ya hatari iliyotangazwa wakati huo haikuondolewa katika sheria hadi 1991. Na kwamba mpaka leo utamsikia mtu wa hapa, anapovuka daraja kuelekea Nairobi, akisema anakwenda Kenya. Mgeni hucheka. Mwache acheke. Akifika upande wa pili atakuwa ameacha.

Soko Mugdi nalipita haraka. Nguo na manukato yake yanajieleza yenyewe. Ninakotaka kukaa ni kwenye uwanja wa Shule ya Msingi ya Garissa.

Uwanja wa shule ni uwanja wa shule: vumbi, magoli, watoto. Novemba 1980, baada ya watumishi kadhaa wa serikali kuuawa mjini, vikosi vya usalama viliuchoma mtaa wa Bulla Kartasi na kuwaswaga wakazi, wanaume, wanawake na watoto, hadi kwenye uwanja huo. Waliwekwa hapo siku tatu juani, bila chakula wala maji. Kuna waliouawa, kuna wanawake walionajisiwa, kuna waliopoteza kila walichokuwa nacho. Mambo haya yalisemwa hadharani Aprili 2011, Tume ya Ukweli, Haki na Maridhiano ilipofanya vikao vyake hapa Garissa na kule Wajir, na yakaandikwa katika ripoti iliyokabidhiwa Rais Mei 2013. Lakini ripoti ni kitabu kinene kilicholala kwenye rafu. Uwanja uko pale, na wengi wanaoukatiza kila siku hawajui wanakanyaga nini.

Hapa ndipo fundi wangu anapojulikana. Wa hovyo atapaza sauti, ataigiza mlio wa bunduki, atamwonyesha mgeni mahali damu "ilipotiririka". Aliye mahiri ataomba ruhusa ya mwalimu mkuu siku moja kabla, atakuja saa za mapumziko, na atawaweka wageni juani, si chini ya mti. Atawaambia neno moja tu: hapa, siku tatu. Kisha ataacha dakika tano zipite. Mtu aliyetoka kwenye chumba chenye kiyoyozi dakika tano za jua la Garissa zinamtosha kuelewa siku tatu ni nini. Sijui mhadhara unaoweza kufanya kazi hiyo.

Nidhamu yake nyingine ni ya hesabu. Wajir kuna uwanja wa ndege wa Wagalla, ambako Februari 1984 wanaume wa ukoo wa Degodia walikusanywa, wakavuliwa nguo, wakashikiliwa kwa siku kadhaa na kuuawa. Wangapi? Serikali ilisema 57, baadaye ikakubali 380. Tume ilisema wanaweza kukaribia elfu moja, na wenyeji wanataja maelfu. Mtembezaji mwaminifu hachagui idadi inayomfurahisha. Anazitaja zote, na kila moja anaitaja pamoja na aliyeisema. Kwa kufanya hivyo anamwonyesha mgeni kitu ambacho hakimo katika idadi yoyote kati ya hizo, nacho ni nani alikuwa na uwezo wa kuhesabu na nani alizuiwa. Annalena Tonelli, Mtaliano aliyekuwa akitibu wagonjwa Wajir, aliwaokota majeruhi na maiti na kuorodhesha majina, akafukuzwa nchini. Orodha ya majina, kama ile ya kwake, ina uzito kuliko takwimu. Mtembezaji wa kweli lazima awe na jina angalau moja kinywani, na awe ameomba ruhusa ya kulitaja kwa jamaa wa marehemu.

Nasisitiza uaminifu kwa sababu tumeona pwani unavyoweza kulegea. Zanzibar, pale Mkunazini, kanisa la Kianglikana lilijengwa juu ya soko la watumwa lililofungwa 1873, na karibu yake wageni huteremshwa kwenye vyumba vya chini vyenye giza na kuambiwa kuwa watumwa walisongwa humo. Wanahistoria kadhaa wanasema vyumba vile ni vya wamisionari, vilijengwa soko likiwa limeshafungwa. Nje, shimoni, kuna sanamu za watumwa wenye minyororo shingoni alizozichonga Clara Sörnäs mwaka 1998, na hizo hazimdanganyi mtu, maana zinajulikana kuwa ni sanamu. Biashara ya watumwa Unguja haihitaji kusaidiwa na chumba cha uongo. Ukweli wake unatosha na kubaki. Mtembezaji anayeongeza chumvi anampa silaha yule atakayekuja kesho kukana kila kitu.

Chuo Kikuu cha Garissa ningekipita bila kusimama. Tarehe 2 Aprili 2015 magaidi waliua watu 148 pale, wengi wao wanafunzi, na waandishi wa habari wa dunia nzima wanaijua njia ya kufika getini. Wanafunzi wa sasa wako darasani. Si kila jeraha ni la kuonyeshwa, hasa lile ambalo kila mgeni amekuja akilitarajia. Kujua pa kutosimama ni nusu ya kazi, na sijaona mtu akisifiwa kwa nusu hiyo.

Mtu atasema haya ni maneno ya watu waliokosa kazi: kutembea na kusimulia kutabadilisha nini? Namwelekeza Berlin. Huko Ujerumani msanii Gunter Demnig alianza mwaka 1992 kutandaza barabarani vibao vya shaba, kila kimoja sentimita 10 kwa 10, vyenye jina la mtu aliyeangamizwa na Wanazi, mbele ya nyumba aliyoishi. Vimepita laki moja sasa, Ulaya nzima, na vingi ni vya Wayahudi. Kimoja kilichoko Brunnenstraße ni cha Bayume Mohamed Husen, mzaliwa wa Dar es Salaam, mwaka 1904. Alilitumikia jeshi la Wajerumani Afrika Mashariki akiwa mtoto, akaja Berlin 1929 kudai mshahara wake na wa baba yake, akahudumu mezani, akaigiza katika filamu, akafundisha Kiswahili. Filamu yake ya mwisho, ya mwaka 1941, ilimsifu mkoloni Carl Peters. Mwaka huohuo akakamatwa kwa kosa la kupenda wanawake weupe, na akafia kambini Sachsenhausen Novemba 1944.

Katika mji huohuo Mtanzania Mnyaka Sururu Mboro, aliyetoka Kilimanjaro, amewatembeza watu kwa miaka mingi, akiwaonyesha majina ya barabara yanayowatukuza waliowatesa babu zake. Anaposimama haonyeshi jumba wala sanamu. Anaonyesha kibao cha jina la mtaa. Yeye na wenzake wa chama cha Berlin Postkolonial walirudia maneno yaleyale kwa kundi baada ya kundi, kwenye baridi ya kule, hadi wenye mji wakachoka kujifanya hawasikii. Mwaka 2021 barabara ya Wissmann ikapewa jina la Lucy Lameck, mwanasiasa wa Tanzania wa enzi za TANU. Agosti 2024 jina la barabara ya Petersallee likafutwa, na kipande chake kimoja sasa kinaitwa Maji-Maji-Allee. Haikuwa kazi ya miguu peke yake, kulikuwa na barua, kesi na vikao. Lakini walioandika barua wengi walikuwa wamepitishwa pale kwa miguu kwanza.

Sasa nani atembeze Garissa? Kenya tuna mtihani mzuri wa waongoza watalii, wenye madaraja ya shaba, fedha na dhahabu, unaoendeshwa na chama chao, KPSGA, na unasifika zaidi kwa ndege na wanyama. Nani atamtahini mtu kuhusu Bulla Kartasi? Aliyekuwa na miaka kumi 1980 sasa amevuka hamsini na tano. Waliokuwa watu wazima wamebaki wachache, na baadhi yao hawajawahi kuwasimulia hata wajukuu zao. Ningetaka kila mzee aliye tayari apewe kijana mmoja wa kutembea naye mwaka mzima, bila daftari, akisikiliza tu mpaka ajue mzee hukohoa wapi na hukwepa wapi. Wahenga walisema mgeni njoo mwenyeji apone, na mara nyingi nimeona mzee akisema mbele ya mgeni jambo alilolificha nyumbani kwake miaka arobaini.

Tena naomba kitu kimoja kwa hao vijana: mzunguko usiishie uwanjani. Waliotembeza Kazimierz kwa muda mrefu walijifunza kwamba mgeni akionyeshwa makaburi tu huondoka akidhani Wayahudi wamekwisha, ilhali mtaani humo kituo chao cha jamii kilifunguliwa 2008 na wazee na vijana hukutana humo kula na kusali. Basi Garissa nayo mpeleke mgeni kwenye mnada wa mifugo, mmojawapo wa mikubwa zaidi Afrika Mashariki, asubuhi ambapo vumbi la ng'ombe halijatulia. Mwonyeshe madalali wawili wakishikana mikono chini ya kitambaa, wakibinyana vidole kupatana bei ambayo aliyesimama hatua moja pembeni hataijua. Hapo mtembezaji atatulia kidogo, kwa sababu mgeni ataanza kuuliza mwenyewe: ng'ombe yule ni kiasi gani, na huyu, na kwa nini hawasemi? Asimjibu. Amtafutie dalali, amfunge kitambaa mkononi, amwache ajaribu kununua mbuzi.