Curtis Mayfield: Prodyuza Aliyeanza na Koo Lake

Kijana wa kwaya wa Ilula, pale juu ya Kitonga ukielekea Iringa mjini, akiingia studio kwa mara ya kwanza mara nyingi hukuta biti imeshajaa kabla hajafungua kinywa. Kinanda kimekaa katikati, besi imeziba chini, ngoma hazipumui. Abakiziwe nini yeye? Anapaza sauti kuliko alivyozoea, na kile kilichowafanya waumini wamsikilize Jumapili kinapotea. Wakulima wa hapa wanajua kwamba tenga likishindiliwa, nyanya za chini hupasuka kabla lori halijafika Dar.

Nimemchagua Curtis Mayfield wa Chicago kwa sababu alilitatua tatizo hili, na alilitatua akiwa mwimbaji. Alizaliwa 1942 na kuanza kuimba kanisani kwa bibi yake. Gitaa alijifundisha mwenyewe, akalituni kwa kufuata vibonyezo vyeusi vya piano. Kwa tuni hiyo, nyuzi zilizoachwa wazi tayari zinatoa kodi kamili, hivyo mkono wake ulikuwa huru kudonoa vipande vifupi katikati ya maneno. Aliimba, akanyamaza, gitaa likajibu. Sauti yake ilikuwa nyembamba, ya juu, isiyoweza kushindana na tarumbeta hata kidogo. Katika kundi la The Impressions, ambalo aliliongoza baada ya mwimbaji Jerry Butler kuondoka, alijifunza kwamba sauti kama hiyo husikika pale tu wengine wanapoipisha.

Mwaka 1968 yeye na Eddie Thomas walianzisha lebo ya Curtom, na hapo mwimbaji akawa bosi wa muziki wake. Sikiliza “Pusherman” katika albamu ya Super Fly ya 1972. Besi ya Lucky Scott imeshika chini, konga za Henry Gibson zinajaza mwendo, gitaa la wah-wah linapita katikati, na juu kabisa, mahali ambapo hakuna ala nyingine, Mayfield anaimba karibu kwa kunong'ona. Kwingineko katika albamu hiyo, ala za nyuzi na tarumbeta alizopanga Johnny Pate huingia mstari unapoisha. Filamu iliyobeba muziki huo ilimpamba muuza kokeini. Nyimbo zikaonyesha madhara yake. Kwa sababu hakuna kinacholifunika neno, hukumu hiyo inasikika wazi.

Hata hivyo Super Fly si ushahidi wangu mkubwa, kwani hapo alikuwa akijishonea mwenyewe. Aliandika na kusimamia albamu ya Claudine ya Gladys Knight & the Pips mwaka 1974, na “Let's Do It Again” ya The Staple Singers mwaka 1975. Kisha ikaja albamu ya Sparkle, 1976. Muziki ule ulikuwa umesharekodiwa kwa ajili ya waigizaji wa filamu, na Aretha Franklin akaja kuweka sauti yake juu ya ala zilezile. Hebu fikiria: sauti kubwa kuliko zote za soul inaingia kwenye nyumba iliyojengewa watu wengine, na haigongi ukuta! Hilo haliwezekani kama prodyuza amejaza kila sekunde. Kwangu mimi, hiyo ndiyo kazi yake bora ya uprodyuza.

Aliwahi pia kupotoka. Katika Do It All Night, albamu ya disko ya 1978, mdundo unakwenda bila kituo na sauti yake inabaki kuufukuzia. Siipendi.

Agosti 1990, jukwaani Brooklyn, mtambo wa taa ulimwangukia, akapooza kuanzia shingoni. Gitaa likaishia hapo. Albamu ya New World Order ya 1996 aliiimba akiwa amelala chali ili mapafu yapate nguvu, mstari mmoja mmoja. Mstari uliopatikana kwa gharama hiyo haufai kufunikwa na kinanda. Alifariki Desemba 1999.

Kwa hiyo, ndugu mwanakwaya wa Ilula, usianze kwa kununua biti. Mpelekee prodyuza sauti yako ikiwa peke yake, hata iliyorekodiwa kwa simu, mwombe aisikilize mpaka mwisho, ndipo achague ala. Akikataa, tafuta mwingine.