Picha Nyingi, Ulimi Haba

Programu ya simu ikusanyayo filamu za YouTube, Netflix na majukwaa mengineyo mahali pamoja imepunguza adha ya kutafuta. Hilo ni jema. Lakini mtazamaji wa Kolandoto, Shinyanga, aliyelelewa kwa Kisukuma na kusomeshwa kwa Kiswahili, akifungua filamu ya Kikorea mara nyingi hukuta Kiingereza tu chini ya picha.

Katika miaka ya 2000, mtafsiri Lufufu wa Dar es Salaam alizikusanya filamu za Hong Kong, India na Marekani katika sauti moja ya Kiswahili, akieleza, akikejeli, hata akitia chumvi. Mhakiki aweza kumlaumu kwa kuikiuka matini. Waama aliikiuka, lakini msikilizaji wake hakubaki mlangoni.